Ngome ya Lamu na miaka 74 tusiyoisimulia

Pembe za vugo, ngoma ya wanawake ya harusi, zilikuwa zimeshakolea. Ua wa ngome umejaa wanawake, mikeka imetandikwa mpaka kuta za mwisho, bibi harusi bado yuko chumbani anakaushwa piko. Nikatumwa mlangoni kumpokea bibi yangu, shangazi yake mama, aliyekuja kutoka mtaa wa Langoni ameshikwa mkono na mjukuu.

Akafika kizingitini, akasimama.

"Bibi, karibu ndani. Kiti chako kimewekwa mbele."

"Mimi jela sendi, mwanangu."

Nilicheka nikidhani ni mzaha. Nikamweleza kwamba jela ilihama zamani, kwamba humu sasa ni makumbusho, kwamba harusi ngapi zimeshafanyika hapa na watu wakatoka salama. Akanisikiliza mpaka mwisho. Bibi hamkatizi mtu maneno.

"Nyinyi tezani. Mimi niko nde hapa, nasikia."

Akaenda zake kuketi kwenye baraza ya duka lililofungwa, ng'ambo ya uwanja wa Mkunguni, buibui amelikusanya mapajani, akaisikiliza ngoma nzima kwa nje. Nikampelekea kahawa na visheti. Akala, akashukuru, akauliza bibi harusi amevaa rangi gani. Hakuwa na kisirani wala hakulia. Kizingiti kile tu ndicho hakuwa na nia ya kukivuka.

Wiki zimepita na jambo lile bado linanikereketa. Mimi ni mzaliwa wa Amu, ndivyo tunavyoiita Lamu. Mlango ule nimepita mbele yake nikienda chuoni, nikienda sokoni, nikienda kuchukua mgeni gatini, bila kuutazama. Kwangu ngome ilikuwa kivuli cha saa nane mchana, na mizinga iliyoko nje ilikuwa ya watoto kupanda. Sasa kila nikipita nauona mlango.

Na kila nikiuona najiuliza: kati yangu mimi niliyeingia na bibi aliyekataa, nani anaijua nyumba hii?

Aliyeanza na aliyemaliza

Habari za Vita vya Shela sina haja ya kuzirudia. Mtoto wa Amu anazijua kabla hajajua kuogelea: Wapate na Mazrui wa Mombasa wakashuka Shela, wakapigwa, maji yakatoka, mashua zikabaki mchangani, ikawa iliyokuwa.

Kinachonishughulisha mimi ni kesho yake.

Watu wa Amu walishinda, kisha wakaogopa. Walijua Mombasa haitasahau, na Pate iko karibu. Wakatuma ujumbe Maskati kwa Seyyid Said bin Sultan, mtawala wa Omani, kumwomba awe nyuma yao. Seyyid Said naye alikuwa akitafuta pa kukanyaga pwani hii ili awafikie Mazrui, kwa hiyo hakuhitaji kubembelezwa. Akatuma liwali, akatuma askari. Vitabu vingi huandika kwamba ngome ilijengwa kuanzia 1813 ikamalizika 1821.

Lakini yapo masimulizi mengine, na makumbusho nayo huyataja: kwamba aliyeanza kuijenga ni Fumo Madi, sultani wa Pate, na kwamba alipokufa mwaka 1809 tabaka la chini lilikuwa bado halijamalizika. Nilipolisikia hili mara ya kwanza nililipita haraka, kama mtu anavyopita ugomvi wa tarehe. Baada ya usiku wa harusi nikalirudia.

Litazame vizuri. Ikiwa ni kweli, basi msingi uliwekwa na mtu tuliyekuja kupigana na watu wake, na paa likawekwa na mtu tuliyemwita atulinde nao. Wenyeji hatumo. Wazee wa Yumbe, baraza la mji, wa makundi mawili ya Zena na Suudi, waliokuwa wakipokezana utawala wa mji miaka minne minne, hawakuwahi kuwa na nyumba ya mawe ya ukubwa ule ya kuwatishia watu. Hawakuihitaji. Aliyeihitaji ni mtu anayetawala kutoka mbali.

Mikono lakini ilikuwa ya hapa. Matumbawe yalivunjwa hapa, chokaa ikachomwa hapa, boriti za mikoko zikakatwa visiwani humu humu. Na kwa kuwa tunazungumza ukweli, katika Amu ya miaka ile kazi nzito za namna hiyo zilikuwa za watumwa. Hakuna kibao chenye jina la hata mmoja wao.

Siku hizo bahari ilifika karibu na ukuta. Mwenye kushuka chomboni alikuwa uso kwa uso na mizinga. Mji ukaendelea kumwaga kifusi na mchanga pwani, nyumba zikaota mbele, bahari ikasogea. Leo ngome iko nyuma ya mstari wa kwanza wa majumba, imepakana na soko, na kinachoingia na kutoka mbele yake ni punda wenye shehena ya mawe na saruji.

Gwaride lilikuja baadaye

Watu wakilitazama lile ua huona askari wamepanga safu: mguu pande, mguu sawa. Ni taswira nzuri, ila ni ya zama nyingine.

Askari wa Seyyid Said walikuwa Wabulushi waliotoka Makran na Waarabu wa Hadhramaut, watu wa mshahara, kila kundi na jemadari wake, kila mtu na bunduki yake ya utambi na janbia kiunoni. Sare hawakuwa nayo. Unguja, kikosi cha watu wa aina hiyo kilibandikwa jina la viroboto, na sidhani msomaji anahitaji kuelezwa sababu. Gwaride la kizungu liliingia katika jeshi la Sultani wa Unguja mwaka 1877 tu, pale Seyyid Barghash alipompa Lloyd Mathews, luteni wa jeshi la maji la Uingereza, kazi ya kumfundishia askari wapya.

Kwa hiyo kwa zaidi ya nusu karne ua lile lilikuwa la nini?

La kungojea. Askari wa ngome kazi yake kubwa ni kuonekana kwamba yupo. Humo uani walipika, walilala, walisafisha bunduki, waligombana juu ya mishahara, wakatazama jua likizama upande wa bara. Vita vyenyewe mara nyingi vilikuwa kwengine. Mombasa ilianguka mikononi mwa Seyyid Said mwaka 1837. Siyu, hapo Pate tu, iliwatoa jasho majeshi ya Sultani mara kadhaa katika miaka ya 1840, haikutulia mpaka 1863, zama za Sultani Majid, na mtawala wake, Muhammad mwana wa Bwana Mataka, akaishia kifungoni Fort Jesus.

Hapo nilisimama kidogo. Tumezoea kusema ngome zetu ziligeuzwa jela na Mwingereza. Lakini ngome tangu asili ina vyumba vya namna mbili: vya kuzuia watu wasiingie, na vya kuzuia watu wasitoke. Mwingereza alikuta milango imeshapigwa kufuli, akaongeza funguo.

Wabulushi wengi hawakurudi kwao. Walioa, wakazaa, wajukuu zao ni Waswahili kama sisi. Mombasa mtaa wa Makadara unajulikana kwa historia hiyo. Watu walioletwa watutazame kutoka juu ya ukuta wakaishia kuwa mashemeji.

Gwaride nalo lilipata majaliwa kama hayo, na hapa ndipo kisa kinaponifurahisha. Mwishoni mwa karne ya 19, vijana wa pwani, Lamu na Mombasa wakiwa mbele, walianza ngoma ya beni. Tarumbeta, ngoma kubwa ya kupigwa kwa virungu, safu zilizonyooka, sare zilizoshonwa kwa fundi wa mtaani, na vyeo: jenerali, admirali, bibi wa cheo fulani. Palikuwa na chama cha Kingi na palikuwa na chama cha Skochi, na wanaojua Mkomani na Langoni, pande mbili za mji wetu, hawatashangaa kwamba mashindano yalipata pa kukaa. Gharama zake zilitisha. Watu waliuza vitu ili chama chao kisizidiwe sinia. Vita Vikuu vya Kwanza vilipokuja, askari na wapagazi wakaibeba ngoma hiyo bara, ikaenea Afrika Mashariki karibu yote.

Gwaride lililoletwa ili litutishe likageuka ngoma ya harusini.

Nilipofika hapo katika mawazo yangu nilidhani nimempata bibi. Nilitaka kwenda kumwambia: unaona, mji huu siku zote umekuwa ukichukua vitu vya askari na kuvifanyia sherehe, kwa hiyo vugo ndani ya ngome ni desturi yetu ya zamani tu. Hoja nzuri. Haikumhusu hata kidogo.

Mwaka 1910

Mwaka 1895 pwani ikawa himaya ya Uingereza, bendera nyekundu ya Sultani ikiachwa ipepee kwa heshima. Mwaka 1901 reli ikafika Kisumu, na kuanzia hapo biashara yote ikamwelekea Mombasa. Mwaka 1907 utumwa ukafutwa kisheria, na matajiri waliokuwa wakiishi kwa mashamba ya bara hapo ng'ambo wakaanza kuuza dhahabu za wake zao. Amu ikapoa.

Katika mji uliopoa palikuwa na jumba kubwa la mawe lisilo na adui wa kumngojea. Mombasa, Fort Jesus ilikuwa jela tangu 1895. Haikuhitaji akili nyingi. Mwaka 1910 ngome ya Lamu nayo ikawa jela.

Ikabaki jela mpaka 1984.

Hesabu mwenyewe. Kama kituo cha askari, tangu kumalizika kwake, ilifanya kazi miaka 89. Kama jela, 74. Humo 53 ni ya Mwingereza na 21 ni ya Kenya huru. Uhuru ulikuja, bendera zote mbili zikashuka, ya tatu ikapanda, na mlango wa ngome ukaendelea kufungwa kwa nje.

Sasa sikiliza tunavyoisimulia. Shela ina dakika kumi. Seyyid Said ana dakika tano. Kisha: "Baadaye ikawa gereza, na mwaka 1984 ikakabidhiwa Makumbusho ya Taifa." Sentensi moja, na mgeni anapandishwa juu kuona mandhari. Silaumu mtu. Nami nikipata wageni nasema hivyo hivyo, nikishuka ngazi.

Visiwa vyetu vilikuwa mahali pa kumweka mtu ili sauti yake isisikike. Harry Thuku, baada ya kukamatwa Nairobi mwaka 1922 na kupelekwa Kismayu, alipitishwa Lamu na Witu kabla ya Marsabit. Wakati wa Hali ya Hatari, katika miaka ya 1950, Manda palikuwa na kambi ya wazuiliwa. Hao ni watu wa siasa, na siasa ina waandishi wake. Gereza la wilaya hupokea watu wa wilaya: aliyeiba mbuzi, aliyempiga mwenziwe, aliyeshindwa kulipa kodi enzi za ukoloni, aliyelewa akatukana mkubwa. Watu wasio na mwandishi.

Hasira ilinipanda. Niliamua nitaandika makala ya kudai chumba kimoja cha ngome kiwe cha miaka ile. Nikaandika kurasa mbili za maneno makali.

Kisha nikaenda kumwamkia bibi.

Alichoniambia kwenye uteo

Sikumuuliza. Nilimkuta anachambua mchele, nikashika upande wa pili wa uteo, tukawa tunatoa chuya pamoja. Akaanza mwenyewe, bila utangulizi, kama mtu anayemalizia mazungumzo ya jana.

Alikuwa msichana mdogo, bado hajavaa buibui. Ametumwa Mkomani na mama yake kwa njia ya Usita wa Mui. Wanawake wazima walikuwa wakizunguka kwa vichochoro vya nyuma ili wasipite mbele ya ngome. Yeye ni mtoto, akakata njia. Asubuhi ile wafungwa walikuwa wametolewa kufagia Mkunguni, askari amesimama na fimbo chini ya mti.

Mmoja wao akainua uso.

Alikuwa mtu wa mtaa wao. Alimjua sauti yake kabla ya sura, kwa sababu ndiye aliyemsomesha ndugu yake juzuu ya kwanza. Nyumbani kwake alikula mara nyingi. Walikuwa wameambiwa yuko safarini, amepanda jahazi kwenda Kismayu.

"Akaniona. Nami nkamuona."

"Akasema nini?"

"Aseme nini? Akaangalia tini. Nami nkaangalia tini. Nkapita."

Alirudi nyumbani kwa vichochoro vya nyuma, na tangu siku hiyo hakupita tena mbele ya mlango ule peke yake mpaka jela ilipohama. Mama yake hakumwambia kitu. Ndugu yake hakumwambia kitu. Mtu yule alitoka baada ya muda, akarudi mtaani, watu wakampa mkono na kumuuliza habari za safari. Akawajibu kwamba safari ilikuwa njema, bahari ilichafuka kidogo. Alizeeka, akafa, akazikwa na watu wengi. Wajukuu zake wako hapa hapa. Mmoja, alisema bibi bila kuinua macho kwenye mchele, alikuwa akigonga pembe harusini usiku ule.

Mimi nilidhani ni hofu. Au kinyongo. Nilikuwa nimemwandalia bibi uchungu mzima wa karne, wa ukoloni na kufuli, niuweke katika makala yangu.

Kumbe ni stara.

Mji mzima ulishirikiana kumsitiri mtu mmoja, na si huyo peke yake. Fikiria mji mdogo namna hii, jela iko katikati yake, imepakana na soko, iko mbele ya uwanja ambapo watu hucheza kirumbizi na kupigia zumari. Hakuna mfungwa asiyekuwa baba wa fulani. Usipotafuta njia ya kutoona, hutaweza kuishi. Ikawa wako safarini. Wako Kismayu, wako Mombasa, wako Bahrein. Jahazi ngapi zilizosafiri bila kung'oa nanga!

Na bibi akaendelea kusafirisha mpaka leo. Akiingia mle ndani, ataona alikokuwa amelala mtu ambaye yeye, kwa adabu yake, ameamua miaka sitini kwamba alikuwa baharini.

Zile kurasa mbili nilizichana? Hapana. Ila nilizikunja.

Paa

Jambo la pili lililonivuruga ni la kifundi, nami si fundi.

Nyumba ya mawe pwani hii, ukiiacha bila mtu, haikungojei. Mvua inaingia juu, chokaa inalainika, boriti inaoza pale inapokaa ukutani, paa linaanguka, na likishaanguka, kuta zinafuata moja moja. Nenda Pate ukaone majumba. Nenda Siyu: ngome ile iliachwa, ikawa magofu kiasi cha kuhitaji kuokolewa kwa kazi kubwa. Ngome ya Lamu haikufika huko, na sababu yake si kwamba tuliipenda. Ilikuwa na watu ndani usiku na mchana. Jela haiwezi kuacha paa livuje mpaka lianguke, kwa sababu wafungwa watatoka.

Niseme kwa uchungu basi: walioihifadhi ngome yetu kati ya 1910 na 1984 ni wafungwa na askari jela. Mji wa kale ulipoingizwa katika Urithi wa Dunia wa UNESCO mwaka 2001, jumba lile lilikuwa limesimama kwa sababu hiyo. Hatuwezi kuwatupa nje ya hadithi watu walioshikilia paa lake.

Mombasa nako kunaonyesha tunavyochagua. Fort Jesus ilikuwa jela miaka 63, mpaka 1958, ikafunguliwa kuwa makumbusho mwaka 1960. Mgeni akienda leo anaonyeshwa ukuta wenye michoro ya Wareno: meli, watu, vitu vilivyochorwa na mabaharia waliochoka kukaa. Michoro hiyo inalindwa kwa heshima kubwa, na inastahili. Lakini baharia wa Kireno hana mjukuu Old Town atakayeinamisha uso. Ndiyo maana ni rahisi kumweka ukutani. Kadiri aliyefungiwa alivyo mbali nasi, ndivyo tunavyomwita historia haraka.

Kwa hiyo nimebaki na mambo mawili yasiyopatana. Miaka ile 74 ni ya kwetu kuliko Shela, kwa sababu wapo wanaoikumbuka kwa macho yao, na wanaondoka. Na kwa sababu ni ya kwetu kiasi hicho, aliyeikumbuka ameapa kutoisema.

Kijana mmoja wa mjini, msomi, aliniambia nisijisumbue: majalada yapo, kitu cha serikali hakikosi karatasi, andika kutoka humo. Sikumjibu. Kijana ana haki ya kuamini karatasi. Lakini majalada yana kitu kimoja tu ambacho mji huu ulijitahidi usikijue, nacho ni majina.

Majina hapana

Mwishowe nilimpata mzee mmoja aliyekuwa askari jela. Si mzaliwa wa hapa. Aliletwa kikazi akiwa kijana, akaoa Langoni, jela ilipoondoka yeye hakuondoka. (Wabulushi wa pili, nilimwambia mke wake, akacheka sana.) Leo gereza liko Hindi, upande wa bara, na yeye hana hamu nalo.

Aliniambia kwamba kazi ya ua ilikuwa hesabu. Asubuhi hesabu, jioni hesabu. Watu wanachuchumaa watano watano, na mpaka nambari ya kwenye ubao ipatane na vichwa, hakuna anayekula, askari wala mfungwa. Siku moja hesabu ilizidi kwa mmoja. Wakarudia, ikazidi. Bwana mkubwa akaja, akarudia yeye, ikazidi. Giza likaanza kuingia, harufu ya maharagwe inatesa watu, ndipo mfungwa mmoja wa safu ya nyuma akasema kwa adabu kwamba kuna askari mgeni amechuchumaa nao, alikuwa anafunga kamba ya kiatu.

"Tulicheka wote," alisema. "Pale uani, wote. Hiyo nayo uiandike."

Akanieleza na habari ya Idd. Asubuhi ya Idd masinia yalikuja mlangoni yamefunikwa kawa, yakiletwa na watoto. Pilau, mikate ya mofa, tambi za sukari. Askari akiuliza ni ya nani, mtoto alikuwa ameshafundishwa jibu: ya wote. Hakuna sinia lililokuja na jina. Hakuna aliyeuliza mara mbili. Ndani yaligawanywa sawa, na kila mtu, alisema mzee, alijua kwa ladha ya mchuzi ni kipi kilichotoka kwake.

Nilimwomba aje ngomeni, tutembee naye chumba kwa chumba, nirekodi sauti. Alifikiri muda mrefu. Akasema atakuja, atanionyesha ubao ulikuwa ukuta gani, funguo zilining'inia wapi, masufuria yalikaa upande gani, wapi maji yalituama wakati wa masika. Picha ya uso wake nisipige. Na sharti kubwa ni moja.

"Majina hapana. Ukiniuliza jina moja tu, nazima hicho kidude chako narudi nyumbani."

Nimekubali. Jana usiku nilikaa na orodha yangu ya maswali, nikafuta yote yaliyouliza "nani". Yamebaki mengi kuliko nilivyotarajia.